Uzimo

Kiungoni, umeme ukikatika usiku,
watu hawailaumu tena serikali.
Husema, "Mize kapita," wakacheka,
wakapapasa kibiriti.
Nami hucheka nao gizani. Ni utani wa jirani,
ingawa umeme siuwezi.
Nikiwezacho ni kidogo zaidi, na kibaya zaidi.

Nilifunzwa na Bi Time Faki wa Chwale,
muuza mikate ya mofa, jicho moja lina mtoto.
Hakuwa na mkoba wala hirizi,
hakujua kupunga, hakujua kupiga ramli.
Alijua kuzima.
Waliotupiwa vitu walimwendea alfajiri
kabla tanuri halijashika moto,
naye, mikono imejaa unga, aliuliza tu:
"Kimekaa wapi?"
Kisha akakiatamia
kama kuku aatamiavyo yai viza:
joto lote lile, na hakianguliwi kitu.

Sharti la kwanza: siku arubaini bila chumvi.
La pili: kukiita kila kitu jina lake, hapohapo,
bila kukipamba.
Kinu ni kinu. Bundi ni ndege mwenye njaa.
Kile kinachopunga mkono ukutani
ni kivuli cha shati la Hamad, limesahauliwa kambani.
La tatu hakunambia.
Alisema litakuja lenyewe, kama mdai.

Nilitahiniwa kwa chetezo.
Akatia udi, akatia ubani,
akaniketisha mbele yake tangu adhuhuri
mpaka ule moshi ukaingia puani ukawa moshi,
hauna harusi ndani yake,
hauna maiti, hauna usiku wa Ijumaa.
Nikalia.
Akasema, "Umefuzu. Futa kamasi."

Tangu hapo nimezima mengi.
Nimezima fingo la shamba la mikarafuu kule Ole:
mwizi aliyekuwa akiuzunguka mti mmoja siku ya pili
akaketi chini, akaomba maji.
Nimezima limbwata. Mume akaamka
akamtazama mkewe kama abiria
aliyeshuka kituo kisicho chake.
Yule mke hanisalimu mpaka leo.
Ana haki.

Kisha mama akaugua.
Hospitali ya Wete wakampima, wakampima tena,
wakampa karatasi.
Aliyemuweza alikuwa mmoja, Ngwali wa Kojani,
na majani yake saba na maneno ya babu zake.
Akasimama mlangoni, akaninusa,
akasema kwa adabu kabisa:
"Mwanangu, maji yangu yanalala ukiwepo."

Nikatoka. Nikavuka barabara,
nikakaa juu ya kalvati
na pishi mbili za karafuu za kuchambua,
makonyo kulia, karafuu kushoto,
siku ya kwanza, ya pili, ya tano.
Wapitao wakadhani nimesusa.
Dirishani niliona kanga ikipepea,
mkono wa mtu ukimpepea mama, si wangu.
Nikamsikia akikohoa.
Siku ya sita nikamsikia akigomba,
nikajua kapata nafuu:
"Mize yuko wapi? Mtoto gani huyu
asiyejua hata kumuuguza mamake?"

Nikafanya nilivyofunzwa.
Kalvati ni kalvati.
Konyo ni konyo.
Ile sauti ni pumzi tu, inapita kooni mwa mtu mzima.
Nikasema mara moja. Nikasema mara ya pili.
Mara ya tatu vidole vikasahau kulia ni wapi,
na ile sauti haikuzimika.

Hapo ndipo mdai alipofika.
Akaketi kando yangu juu ya kalvati,
akachota konzi ya karafuu, akaanza kuchambua,
taratibu, kama mtu asiye na haraka ya kwao,
wala hakusema anadai kiasi gani.